Posho ya Bwana Mwachala

Lori la taka la Kaunti ya Mrugha liliingia uani kwa Wakesho Jumanne asubuhi likiwa limejaa pomoni. Mwadime, mumewe, alikuwa ameketi mbele kando ya dereva, mkono nje ya dirisha kama bwana harusi. Nyuma yake alifuata dalali wa mahakama kwa pikipiki, mkoba wa karatasi kwapani. Kuku walitawanyika. Wakesho alitoka katika chumba cha kuangulia mayai akiwa na kipimajoto mkononi, akasimama, akapiga chafya mara mbili.

"Ni nini hii, Baba Mghoi?"

"Haki yetu!" Mwadime aliruka chini. "Jaji si alisema tumeshinda? Tunaidai kaunti milioni mbili na laki nne, na haitaki kulipa. Basi nimekamata mali yake. Hili peke yake ni milioni tano!"

"Na uchafu?"

"Uchafu uko juu yake tu. Hatukupata nafasi ya kuumwaga."

"Mume wangu, umekamata lori la taka."

"Mama, hakukuwa na gari jingine linalowaka," dalali alimtetea. "Tulijaribu sita. La gavana lina walinzi, la zimamoto halina magurudumu."

Wakesho alilitazama lori, akamtazama mumewe, kisha akacheka mpaka akashika ukuta. Alicheka kwa sababu kulia alikuwa amekwisha kulia. Miaka mitatu nyuma aliipelekea kaunti vifaranga elfu sita wa mwezi mmoja, wamechanjwa, wazima, hata mmoja hakufa njiani. Kaunti ikawagawa kwa vikundi vya akina mama, gavana akapigwa picha amekumbatia mmoja. Vifaranga wakawa kuku, kuku wakataga, mayai yakaanguliwa, na sasa Mrugha nzima ilikuwa inakula wajukuu wa kuku ambao bibi yao hajalipiwa.

Lori lilikaa uani siku tatu. Siku ya pili Mwadime alichimba shimo nyuma ya choo akafukia nusu ya taka, maana harufu ilikuwa imeanza kuingia hadi kwenye kimanga, muhogo wa kuponda na maharagwe, sufuriani. Siku ya tatu wakili wao, Saru, binti mwembamba aliyezungumza haraka haraka, alikuja mbio akiwa ameziba pua kwa faili.

"Mzee, umefanya nini? Lirudisheni leo hii! Mali ya serikali haikamatwi."

"Hata tukiwa na hukumu?"

"Hata mkiwa na hukumu kumi."

"Hata kiti?"

"Hata kiti. Hata kalamu ya kaunti ikiangukia mfukoni mwako, irudishe."

Mwadime aliketi juu ya gurudumu la akiba. "Sasa huko mahakamani tulishinda nini?"

Saru aliondoa faili puani ili aeleze vizuri, akajuta, akairudisha. "Njia ipo, ila ni ndefu. Kwanza mahakama inatupa cheti kinachosema serikali inadaiwa kiasi hiki. Tunampelekea afisa mkuu wa fedha, yule mwenye kalamu ya malipo. Akikaa kimya, tunarudi kwa jaji kuomba amri inayomtaja yeye kwa jina lake, alipe. Akiipuuza hiyo, hapo hatukamati lori. Tunamkamata yeye."

"Yeye mwenyewe?"

"Yeye mwenyewe, na suti yake."

"Huyo angalau hanuki," alisema Wakesho.

Kurudisha lori nako kulikuwa na mambo yake. Mtunza stoo wa kaunti alilizunguka mara mbili, akafungua daftari, akasoma kwa kidole: "Hali ya gari lilipochukuliwa: limejaa." Akainua macho. "Hili halijajaa."

"Bwana, ni taka!" alisema Mwadime.

"Ni taka za kaunti, mzee. Zilete tutie sahihi."

Ikabidi Mwadime arudi nyumbani na jembe, akafukue taka alizozika, akaombe mkokoteni kwa jirani, azipeleke mjini mchana kweupe huku watu wakimwuliza kama amepata kazi kaunti. Aliwajibu wote kwamba ndiyo, lakini bado hajalipwa.

*

Cheti kilipotoka, Wakesho alikipeleka mwenyewe ofisi ya fedha. Sekretari alikuwa dada wa makamo aliyependa rangi ya kucha, naye alimjua Wakesho kama mtu anavyomjua binamu asiyemtaka.

"Mfumo umeanguka, mama."

"Sijakuja kwa mfumo. Nimemletea Bwana Mwachala karatasi."

Bwana Mwachala hakuwa mtu mbaya, na hilo ndilo lililokuwa linaudhi. Alikuwa mnene, mpole, mwenye sauti ya kuombea harusi. Wakesho alimkuta akila mayai mawili ya kuchemsha yaliyopasuliwa na kutiwa kachumbari.

"Karibu, Mama Mghoi, karibu kiti. Unajua haya mayai? Ya kikundi cha Mshai, pale sokoni. Kiini manjano kabisa! Mradi ule wa kuku ulifanikiwa sana, kwa kweli."

"Naona," alisema Wakesho. "Ni wajukuu zangu hao."

Mwachala alicheka, akafuta vidole, akapokea cheti kwa mikono miwili kama sakramenti. "Deni la serikali halipotei, mama. Serikali haifi. Ni kama umeweka pesa benki."

"Basi nitoe leo kidogo, nina watu wananidai."

"Ah! Mfumo ndio umeanguka." Akakiweka cheti juu ya rundo la vyeti vingine, akaweka sahani ya mayai juu yake.

Ikapita miezi saba. Saru alirudi kwa jaji, akapata ile amri yenye jina la Mwachala, akaipeleka, ikawekewa sahani vilevile. Akarudi tena, na safari hii jaji akaandika kwamba Bwana Mwachala afike mahakamani Ijumaa, saa tatu asubuhi, aeleze kwa nini asitiwe jela.

*

Jumatano ya wiki ileile, Mwalimu Mkawasi, wifi yake Wakesho, aliingia jikoni bila kubisha. Alikuwa amemdhamini Wakesho kwa mkopo wa Sacco uliowanunulia wale vifaranga chakula na chanjo, na tangu mkopo ulipokwama Sacco ilikuwa inachota kwenye mshahara wake. Aliweka karatasi ya mshahara mezani, juu ya unga.

"Soma hapo chini, wifi."

Wakesho alisoma. "Elfu nne na mia mbili."

"Hiyo ndiyo nimebaki nayo. Mwalimu mkuu msaidizi! Jana nimewaambia watoto wa darasa la sita walete kuni, wakadhani ni za shule."

"Wifi, naona aibu hata kukuangalia."

"Usione aibu, ona hii nyingine." Mkawasi alitoa barua ya pili. "Nimeipata kwa meneja, akanipa nikuletee maana anaogopa mbwa wenu. Ijumaa saa kumi alasiri wanakuja kuchukua mashine ya kuangulia."

Wakesho alikaa chini. Ndani ya mashine ile kulikuwa na mayai elfu mbili mia moja na kumi na mawili, na Ijumaa ingekuwa siku yao ya ishirini. Kila mfugaji anajua hesabu hiyo: siku ya ishirini na moja ni vifaranga. Ukiizima mashine siku ya ishirini, hupati kifaranga wala yai la kula. Unapata uvundo, na wateja waliokwisha kukulipa arubuni wakisimama langoni. Bila mashine hakuna mayai mengine, bila mayai hakuna mkopo utakaolipwa, na Mkawasi angekatwa mshahara mpaka astaafu.

"Waombe wangoje siku moja tu," alisema Wakesho. "Jumamosi waje waichukue, vifaranga wakishatoka."

"Nimewaomba. Meneja ameniuliza, siku moja ina tofauti gani?"

Wanawake hao wawili walitazamana, kisha Mwadime, aliyekuwa mlangoni akisikiliza, akasema kwa huruma kabisa, "Huyo hajawahi kuwa yai." Mkawasi ndiye aliyeanza kucheka. Walicheka wote watatu, vibaya, mpaka uji ukafurika jikoni.

"Ijumaa nitakaa mlangoni pa mashine na fimbo," alisema Mkawasi akijifuta macho. "Nyinyi nendeni mkamfunge huyo mtu."

*

Ijumaa ni siku ya soko Mrugha, na soko liko ng'ambo ya barabara mkabala na mahakama, hivyo jaji amezoea kuhukumu huku mbuzi wakilia. Bwana Mwachala alifika na suti ya kijivu na sekretari wake aliyembebea koti la mvua. Aliwaamkia watu wote, pamoja na Wakesho.

"Kwa nini hujalipa?" aliuliza jaji, mama wa miwani mikubwa.

"Mheshimiwa, nia ipo. Ila mfumo umeanguka."

"Umeanguka lini?"

Mwachala alifikiri. "Huwa unaanguka mara kwa mara, Mheshimiwa."

"Mwezi uliopita mishahara ya maafisa ililipwa?"

"Ililipwa, Mheshimiwa. Siku hiyo ulikuwa umesimama."

Watu walicheka. Jaji hakucheka. "Basi utaungoja usimame ukiwa mahali petu. Siku thelathini, au mpaka ulipe, litakalotangulia."

Mwadime alimkumbatia Wakesho, akamkumbatia Saru, akamkumbatia na askari mmoja asiyemjua. Bwana Mwachala alivua saa na mkanda, akashuka na askari kwenye chumba cha mahabusu huku akishikilia suruali. Ilikuwa saa tano na nusu. Wakesho alikuwa akipiga hesabu ya saa zilizobaki hadi saa kumi, karani wa mahakama alipomwita dirishani.

"Mama, umekuja na posho?"

"Posho gani?"

"Ya mfungwa. Huyu si mwizi wa serikali, ni mdeni wako. Anayemfunga mdeni ndiye anayemlisha. Mia tano kwa siku, siku thelathini, elfu kumi na tano. Inatangulizwa."

Wakesho aligeuka kumtazama Saru. Saru aliangalia viatu vyake. "Nilisahau kuwaambia," alisema kwa sauti ndogo. "Sijawahi kufika mbali hivi na kesi ya kaunti."

"Ngoja nielewe," alisema Mwadime. "Kaunti imekula kuku wetu. Huyu amekula mayai ya kuku wetu. Sasa tumlipie na ugali?"

"Na maharagwe," alisema karani. "Mzee, sikuitunga mimi. Kaunta yangu inafungwa saa saba. Pesa isipoingia, yeye anakwenda nyumbani, na tarehe nyingine ninayoiona hapa ni ya mwezi ujao."

Wakesho alifungua kibeti. Mlikuwa na mia sita na arobaini, na ufunguo. "Utapokea mayai?"

"Sheria inasema pesa, mama."

*

Mshai, mwenyekiti wa kikundi cha akina mama, alikuwa sokoni na wenzake na trei arobaini za mayai, na beseni la mayai ya kuchemsha pembeni. Wakesho alivuka barabara polepole. Miaka mitatu alikuwa akipita mbali na meza ile ili asiwaone kuku wake wanavyowanufaisha wengine. Hakuna kinachouma kama kuomba kwa mtu unayemwonea wivu. Alisimama mbele ya Mshai akajifanya anahesabu trei, ikabidi Mwadime ayaseme mambo yenyewe, na aliyasema yote kwa pumzi moja, pamoja na ya lori.

Mshai alimsikiliza mpaka mwisho. "Mama Mghoi," alisema, "kuku hawa wamenisomeshea watoto wawili. Kila ukipita ule upande wa pili wa barabara, mimi huku nainama. Ulidhani tunakula bila kuona haya?" Akapiga makofi. "Akina mama! Inueni trei! Tunahamia mahakamani!"

Waliingia uwanja wa mahakama wakiwa wanane, trei vichwani, na Mwadime mbele akinadi kwa sauti aliyokuwa ameihifadhi maisha yake yote.

"Mia nne na hamsini trei! Nunua mayai ufunge afisa! Unakula nyumbani, na yeye anakula jela! Mayai ya kaunti, mayai ambayo hayajalipiwa! Njoo ulipe wewe!"

Mawakili walitoka kuona kelele, wakanunua. Mwenye duka la vifaa vya ujenzi, ambaye kaunti ilimdai uvumilivu tangu aipelekee mabati, alinunua trei tano na kukataa kupokea mayai. Askari aliyekumbatiwa asubuhi alinunua moja. Watu waliokuja kwa kesi za mashamba na talaka walichanga wawili wawili. Wakesho mwenyewe alikuwa akipokea pesa huku machozi na kicheko vikimtoka pamoja, hakujua kipi ni kipi. Kisha akaona mkono wenye kucha nyekundu unanyoosha noti ya elfu moja.

"Nipe mbili," alinong'ona sekretari wa Bwana Mwachala. "Chenji kaa nayo. Na usimwambie."

Ilipofika saa saba kasoro dakika nne, trei thelathini na tatu zilikuwa zimekwisha, na Wakesho alikuwa dirishani akisukuma noti, sarafu, na manyoya mawili. Karani alihesabu, akapuliza manyoya, akaandika stakabadhi: Imepokelewa, posho ya mfungwa, elfu kumi na tano.

*

Bwana Mwachala alikuwa amekaa kwenye benchi la mahabusu akiamini kabisa kwamba atakwenda nyumbani kula. Askari alipomwambia posho imeingia na gari la jela linakuja saa tisa, aliinuka, suruali ikashuka, akaishika.

"Imelipwa? Na nani?"

"Na mayai, mkubwa."

Aliomba simu. Alizungumza na watu wake kwa sauti ambayo haikuwa ya kuombea harusi hata kidogo. Na hapo, ndugu msomaji, mfumo ulisimama. Ulikuwa umelala miaka mitatu, lakini saa nane na dakika ishirini uliinuka mzima, bila fundi, bila waya mpya. Vijana wa ofisi ya fedha walionekana wakikimbia barabarani na mafaili. Saa tisa kasorobo simu ya Wakesho ililia mfukoni. Aliisoma, akampa Mwadime asome, Mwadime akampa Saru, Saru akaisoma kwa sauti: milioni mbili na laki nne, na riba, na gharama za kesi.

Wakesho aliketi kwenye ngazi za mahakama na kupiga simu nyumbani.

"Wifi. Imeingia. Natuma ya Sacco sasa hivi, yote."

"Tuma haraka," alisema Mkawasi akihema, "maana wamekuja mapema. Pikapu iko getini, na nimekalia mlango, na nimewaambia wa kwanza kunigusa nampeleka darasa la kwanza."

Wakesho alituma, akarudisha simu sikioni. Kwa mbali Wakesho alisikia sauti ya mwanamume ikisema kitu, kisha mlango wa gari, kisha injini ikirudi nyuma.

"Wamegeuza," alisema Mkawasi. "Meneja amewapigia. Subiri, usikate. Sikiliza." Akasogeza simu kwenye mashine.

Wakesho aliweka kidole katika sikio la pili. Mwanzo alisikia mvumo wa feni tu. Kisha, ndani kabisa ya mvumo, akasikia vifaranga wakilia, kwa sauti nyembamba, wengi, bado wamo ndani ya maganda na tayari wanalalamika. Hapo ndipo alipolia sawasawa, na Mwadime alimshika bega wala hakutoa mzaha wowote.

*

Karani alimkuta pale pale ngazini na bahasha. "Mfungwa hakufika jela, kwa hiyo posho inarudishwa. Elfu kumi na tano. Tia sahihi hapa."

"Leo leo?"

"Leo leo."

"Serikali imenilipa siku hiyohiyo," Wakesho alimwambia Mwadime, na alisema kama mtu aliyeona mzimu. Akavuka uwanja kuwarudishia Mshai na wenzake pesa yao. Mshai alikuwa amebaki na beseni la mayai ya kuchemsha, anafunga kachumbari aende.

Wakati huo Bwana Mwachala alitoka mlango wa pembeni. Mkanda alikuwa amerudishiwa, lakini tai ilikuwa mfukoni na tumbo lilikuwa halijaona kitu tangu chai. Dereva wake hakuonekana. Sekretari alikuwa amekwenda na koti, na pochi ilikuwa ndani ya koti. Alisimama mbele ya beseni.

"Mama Mshai," alisema, "nipe mawili. Pochi imekwenda ofisini. Nitakulipa Jumatatu."

Akina mama wanane waliacha walichokuwa wakifanya. Mwadime alifungua kinywa kusema neno kuhusu mfumo, na lingekuwa zuri, lakini Wakesho alimkanyaga mguu. Alitoa bahasha ya karani, akachomoa noti ya hamsini na sarafu ya kumi, akampa Mshai.

"Mpasulie, tia kachumbari," alisema. "Hii ni pesa ya chakula chake. Nililipia."

Mwachala alipokea mayai katika kipande cha gazeti. Alikula amesimama, wote wakimtazama, mpaka kiini cha mwisho. Kisha Wakesho akatoa kalamu na ile stakabadhi ya posho, akaigeuza upande wa nyuma.

"Tia sahihi hapo, Bwana Mwachala. Mayai mawili, yamepokelewa, yamelipiwa."

Akatia.